Maziwa Yanayopotelea Tumboni mwa Mbuzi

Mbuzi akifa kwa minyoo, hasara yake huonekana na kila mtu. Mzoga upo, ngozi ipo, na jirani atakuja kuuliza. Mbuzi anayetoa lita moja na nusu ilhali angeweza kutoa mbili haulizwi na mtu. Anakula, anacheua, anazaa, na mwenye mali anasema ndivyo alivyoumbwa. Hoja yangu ni kwamba sehemu kubwa ya hasara ya vimelea katika ufugaji wa mbuzi wa maziwa Afrika Mashariki iko hapo, kwenye maziwa ambayo hayakutoka kabisa, na kwamba ushauri tuliouzoea, wa kuwanywesha mbuzi wote dawa ya minyoo kila baada ya miezi mitatu, hauigusi hasara hiyo ipasavyo. Mbaya zaidi, unatuachia minyoo isiyosikia dawa.

Suala hili lina uzito wa pekee kwa sababu ya namna mbuzi wa maziwa walivyotufikia. Katika miaka ya 1980 mbuzi kutoka Norway waliletwa Chuo Kikuu cha Sokoine, Morogoro, na kutoka hapo wakapandishwa Mgeta, kwenye miteremko ya milima ya Uluguru. Kenya, katika miaka ya 1990, shirika la FARM-Africa lilieneza damu ya Toggenburg huko Meru, na mbuzi wa Alpine wa Kijerumani wakaenea Nyeri na jirani zake. Walengwa walikuwa watu wenye vishamba vidogo visivyoweza kulisha ng'ombe. Ahadi ilikuwa maziwa mengi: mbuzi wa kienyeji hutoa nusu lita, pengine chini ya hapo, ilhali chotara aliyelishwa vizuri hutoa lita mbili au zaidi. Lakini koo hizo zilikulia nchi ambako baridi hufagia malisho kila mwaka. Kwetu joto na mvua huwalea minyoo miezi mingi mfululizo, na mbuzi kwa asili yake si mnyama wa kuinamia nyasi. Ni mla majani ya vichaka, mwenye kuinua kichwa, na kinga yake dhidi ya minyoo ni dhaifu kuliko ya kondoo. Ukimfungia kamba kwenye majani mafupi kando ya mto, umempeleka mahali ambapo mwili wake haukuandaliwa.

Adui mkuu ni mnyoo mwenye urefu wa sentimita moja hadi tatu, ambaye wataalamu humwita Haemonchus contortus. Makazi yake ni tumbo la nne, lile lenye asidi, na chakula chake ni damu. Ukilifungua tumbo hilo mara tu baada ya mbuzi kuchinjwa, utawaona wakijinyonganyonga ukutani, na ukiangalia kwa karibu utaona majike yana michirizi miwili iliyosokotana: mwekundu wa damu waliyoifyonza na mweupe wa mirija ya mayai. Mnyoo mmoja humgharimu mbuzi takriban mililita 0.05 za damu kwa siku, ukijumlisha anayofyonza na inayovuja kwenye kidonda anachokiacha. Kiasi hicho si kitu mpaka ukizidishe. Minyoo 1,000, jambo lisilo la ajabu kwa mbuzi anayechungwa kwenye nyasi mbichi wakati wa masika, huondoka na mililita 50 kila siku, ujazo wa kikombe cha kahawa cha wauzaji wa Pwani. Mbuzi wa kilo 30 ana lita mbili hivi za damu mwili mzima. Kwa siku kumi robo yake imekwenda. Uboho hujaza pengo, lakini hujaza kwa madini ya chuma na kwa protini, na hapo ndipo maziwa yanapoingia kwenye hesabu.

Maziwa hutoka kwenye damu. Ili kiwele kitoe lita moja, damu ya lita 400 hadi 500 hupita ndani yake, na seli zake huchota humo sukari, mafuta, maji na malighafi ya protini. Sasa tazama: mililita 50 za damu zina protini gramu saba hivi, karibu sawa na iliyomo katika robo lita ya maziwa ya mbuzi. Ni kweli kwamba sehemu ya damu iliyovuja humeng'enywa tena mbele, kwenye utumbo mdogo, kwa hiyo haipotei yote. Lakini kumeng'enya upya na kuunda upya ni kazi inayokula nguvu, na utumbo mdogo wenyewe mara nyingi una wapangaji wake, minyoo wembamba wa jamii ya Trichostrongylus, wanaochubua kuta zake na kuzuia chakula kuingia mwilini. Juu ya yote, mbuzi mwenye minyoo hupoteza hamu ya kula. Hori linabaki na majani, na mfugaji anadhani ameshiba.

Wakati wenyewe ndio unaokuza hasara. Kuanzia wiki mbili hivi kabla ya kuzaa hadi wiki sita au nane baadaye, kinga ya mbuzi jike dhidi ya minyoo hulegea. Protini aliyonayo huenda kwanza kwa mtoto na kwa kiwele, na kinga hupata masazo. Lava, yaani minyoo wachanga, waliokuwa wamelala kwenye ukuta wa tumbo huamka na kukua, na mayai kwenye kinyesi huongezeka kwa kasi. Wiki hizohizo ndizo maziwa yanapopanda kuelekea kileleni, na kilele ndicho kinachoamua msimu mzima wa kukamua. Mbuzi aliyeshindwa kupanda katika miezi miwili ya mwanzo hafidii katika mwezi wa tano. Nchini Ufaransa, Hervé Hoste na Christophe Chartier walichapisha mwaka 1993 matokeo ya kuwaambukiza mbuzi wa maziwa minyoo wa aina mbili, Haemonchus na Trichostrongylus, kwa pamoja. Kwa kundi zima maziwa yalipungua kwa asilimia 2.5 hadi 10. Walipowatazama peke yao wale wanaotoa maziwa mengi, upungufu ulikuwa asilimia 13 hadi 25, na mafuta ya maziwa nayo yakashuka. Matokeo hayo yana maana kubwa kwa Mgeta na Meru. Anayeumia zaidi ni mbuzi bora, yule aliyetafutwa kwa gharama, na mfugaji anayechanganya maziwa ya mbuzi wote kwenye ndoo moja hawezi kulitambua.

Vimelea wengine wana hasara zao, na baadhi hawaonekani kabisa kwenye ndoo ya leo. Koksidia, vijidudu vya utumbo visivyoonekana kwa macho, huwashika vitoto vya mbuzi tangu wiki za mwanzo, hasa wakati wa kuachishwa kunyonya kwenye banda chafu lenye msongamano. Jike aliyeharisha vibaya utotoni hudumaa, hupandwa kwa kuchelewa, na maziwa yake ya kwanza yanachelewa kwa miezi. Hasara hiyo haiingii kwenye daftari la mtu yeyote. Minyoo bapa wa ini huja na nyasi zilizokatwa mabondeni na kwenye maji yaliyotuama, waliko konokono. Chawa, viroboto, kupe na upele huleta kero ya kujikuna, hunyonya damu, na kupe huongeza magonjwa kama maji moyo. Hao wa nje angalau mfugaji huwaona kwa macho na huwashughulikia. Shida yetu ni wale wa ndani.

Ushauri wa miezi mitatu ulienea kwa sababu ni mwepesi kusema na mwepesi kukumbuka. Uzito wake ni mdogo ukiupima kwa maisha ya mnyoo mwenyewe. Lava akimezwa pamoja na nyasi, huchukua wiki tatu hivi kukomaa na kuanza kutaga, na jike mmoja hutaga mayai 5,000 au zaidi kwa siku. Mbuzi aliyenyweshwa dawa leo na kurudishwa kesho kwenye malisho yaleyale anaanza kuambukizwa kesho hiyohiyo, na baada ya mwezi anamwaga mayai tena. Katika siku 90 anakuwa amelindwa siku chache tu, na kama siku hizo hazikuangukia kwenye wiki za kuzaa, kiwele hakikufaidika na lolote. Dawa imetumika, pesa imetumika, na kwa mbuzi anayekamuliwa kuna siku za kusubiri kabla maziwa hayajanyweka, siku ambazo, tuseme ukweli, kaya nyingi haziambiwi dukani au haziwezi kuzimudu. Ivermektini, kwa mfano, hubaki kwenye maziwa kwa muda, na katika nchi nyingi lebo yake inakataza kuitumia kwa mnyama ambaye maziwa yake yananyweka. Albendazoli nayo haifai kwa jike mwenye mimba changa.

Kisha kuna usugu. Thiabendazoli iliingia sokoni mwaka 1961, na kufikia 1964 minyoo sugu walikuwa wameripotiwa. Ivermektini ilianza kutumika mwanzoni mwa miaka ya 1980, na kabla muongo haujaisha Afrika Kusini ilikuwa na Haemonchus walioizoea. Kenya nayo imeripoti minyoo waliovumilia dawa za zaidi ya kundi moja. Kwa mbuzi mambo ni mabaya zaidi kwa sababu ini lake huisafisha dawa haraka kuliko la kondoo. Kipimo kilichoandikwa kwa kondoo, akipewa mbuzi, huwa nusu tiba. Kwa albendazoli mbuzi huhitaji karibu maradufu. Kwa levamisoli nyongeza ni ndogo na hatari ya sumu ni kubwa, hivyo daktari wa mifugo ndiye wa kuamua. Ongeza na uzito unaokisiwa kwa macho. Mnyoo aliyeonja dawa bila kufa ndiye atakayezaa kizazi kijacho, na ukiwanywesha mbuzi wote kwa pamoja unahakikisha kwamba hao walionusurika hawana wapinzani wa kuchanganya nao damu. Wataalamu husisitiza kwamba lazima ibaki akiba ya minyoo ambao dawa haijawagusa, ili usugu upunguzwe nguvu. Kwa mfugaji inasikika kama wazimu kuambiwa aache minyoo makusudi, lakini ndiyo bei ya kuendelea kuwa na dawa inayofanya kazi.

Mbadala unaanzia kwenye ukweli mmoja kuhusu makundi ya mbuzi: minyoo hawagawanyiki sawasawa. Kwa kawaida mbuzi wachache, robo hivi ya kundi, hubeba sehemu kubwa ya minyoo wote. Ukiwatambua na kuwatibu hao, umelitibu zizi bila kuwagusa wengine. Afrika Kusini, katika miaka ya 1990, Faffa Malan, Jan van Wyk na Gareth Bath walitengeneza kadi ya rangi tano iitwayo FAMACHA kwa kazi hiyo. Mbuzi hushikwa kichwa kwenye mwanga wa jua, kidole gumba cha juu kinakandamiza kope ili jicho lirudi ndani kidogo, na cha pili kinashusha kope ya chini mpaka utando wake ujitokeze. Rangi hulinganishwa na kadi papo hapo, wala si kwa kumbukumbu. Nyekundu iliyokolea ni namba moja, nyeupe kama karatasi ni namba tano, na kwa mbuzi tiba huanzia namba tatu. Uvimbe laini chini ya taya unakuja baadaye, damu ikishakuwa maji, na anayeungoja huo amechelewa.

Hapa panazuka pingamizi zito kuliko yote, na limetoka kwenye ushahidi nilioutaja mwenyewe. Ikiwa mbuzi bora anaweza kupoteza hadi robo ya maziwa yake kabla hajapauka macho, basi kusubiri jicho lipauke ni kukubali hasara ileile tunayotaka kuizuia. Pingamizi hili ni la kweli. Kadi iliundwa kwa ajili ya kuokoa maisha ya kondoo, na haioni Trichostrongylus, koksidia wala minyoo wengine wasiofyonza damu. Jicho linaweza pia kupauka kwa sababu ya viroboto, minyoo wa ini au njaa. Kwa mbuzi wa maziwa, basi, jicho peke yake halitoshi. Hoste na wenzake walipendekeza njia inayojibu hoja hii: watibiwe mbuzi wanaotoa maziwa mengi na wale wa uzao wa kwanza, kwa kuwa hao ndio minyoo huwaelemea, na waliobaki waachwe. Njia hiyo inafaa kwetu ikiunganishwa na kadi. Jike bora anayekaribia kuzaa anapimwa kinyesi, na anatibiwa wakati huo kwa dawa ambayo daktari ameihakikisha ni salama kwa mimba yake, kabla hajaanza kukamuliwa. Hapo siku za kusubiri zinaangukia kwenye kipindi cha ukavu na cha dang'a, ambacho maziwa hayauzwi. Wengine wote wanangoja hukumu ya jicho, unene wa mgongo na daftari la maziwa. Daftari hilo, mstari mmoja kwa mbuzi kila asubuhi, ni kipimo cha minyoo ambacho hakiuzwi dukani.

Wapo watakaosema hoja yote hii haiwahusu kwa sababu mbuzi wao hawatoki bandani. Ni nusu ya kweli. Banda lililoinuliwa, lenye sakafu ya fito ambazo kinyesi hupita chini, huvunja mzunguko wa minyoo wa tumbo, kwani lava anahitaji unyevu na nyasi za kupanda. Lakini majani hukatwa mahali fulani. Yakikatwa alfajiri yakiwa na umande, chini kabisa karibu na udongo, kwenye kingo ambako mbuzi na kondoo wa kijiji huchungwa, lava wanabebwa kwa mzigo hadi horini. Wengi wao hawapandi juu sana, hivyo kukata juu, umande ukishakauka, na kuyaacha majani yanyauke juani hupunguza wengi. Majani ya miti kama lusina na kaliandra yana faida mbili: yako juu ya kimo cha lava, na yana protini. Kwa wanaochunga, zamu za malisho zinaweza kusaidia kwenye nchi za joto, kwa kuwa lava wa jotoni hufa upesi kuliko wa nchi za baridi. Siku tatu au nne kwenye kipande kimoja, kisha mwezi wa kupumzika, ni mpango uliofanya kazi kwenye visiwa vya Pasifiki. Kwenye malisho ya pamoja ya kijiji, ambako kila mtu anapita, mpango huo hauwezekani bila makubaliano.

Pingamizi lingine ni la wapenzi wa mbuzi wa kienyeji: turudi kwa mbuzi wetu, wamezoea. Wana sababu. Utafiti uliofanywa Diani, kusini mwa Mombasa, na watafiti wa ILRI, taasisi ya kimataifa ya utafiti wa mifugo, ulionyesha kwamba mbuzi wadogo wa Afrika Mashariki wanastahimili minyoo kuliko mbuzi wa aina ya Galla. Lakini ustahimilivu huo hauji na maziwa, na familia iliyokwisha kuonja lita mbili hairudi kwenye nusu lita kwa hiari. Kinachoweza kufanyika ni kuchagua beberu. Tukiwachagua kwa umbo na maziwa ya mama peke yake, huku tukiwanywesha dawa mfululizo, hatutajua kamwe ni ukoo upi unaoweza kujitetea. Jike ambaye hajahitaji dawa mwaka mzima na bado anatoa vizuri, mwanawe dume ana thamani kuliko anavyouzwa sasa. Kuhusu dawa za miti, mwarobaini, mbegu za papai na nyinginezo, ushahidi wa kuua minyoo ndani ya mbuzi ni dhaifu na hautabiriki. Majani yenye tanini yana ushahidi bora zaidi. Huko Zimbabwe kulisha majani ya mgunga aina ya Acacia karroo kulipunguza Haemonchus kwa mbuzi. Hicho ni chakula kinachosaidia, na kisiuzwe kwa jina la tiba.

Chakula ndicho kinachosahaulika kuliko vyote. Tafiti za kondoo huko Uskoti na za mbuzi nchini Ufaransa zimeonyesha kwamba protini ya kutosha karibu na kuzaa humsaidia jike kuhimili minyoo. Inaeleweka: kama kinga hulegea kwa sababu protini haitoshi kwa wote, ongeza protini na kinga ipate fungu lake. Kwa kaya nyingi, mashudu ya alizeti au pamba na kikapu cha majani ya kunde vitarudisha maziwa mengi kuliko chupa ya pili ya dawa.

Atakayesema kwamba haya yote ni magumu kwa mwenye mbuzi wawili ajibiwe kwamba mwenye mbuzi wawili ndiye anayeweza kuyatazama macho yao kila wiki mbili bila kuchoka. Ugumu uko kwa wanaomshauri. Mipango ya kukopeshana mbuzi, ambapo jike anayezaliwa hupewa jirani, inasambaza pia minyoo aliowabeba, pamoja na usugu wao. Mgeni yeyote atengwe, atibiwe, na kinyesi chake kipimwe kabla ya kuchanganywa na wenyeji. Maabara za mifugo zinazoweza kuhesabu mayai ya minyoo kwenye kinyesi zipo, na kipimo hicho kikifanywa kabla na baada ya dawa kinaonyesha ndani ya wiki mbili kama dawa ya dukani bado inafanya kazi kwenye kata husika. Halmashauri na vyama vya wafugaji wa mbuzi wa maziwa vianze hapo: wanunue kadi za macho kwa kila afisa mifugo, wawafundishe wauza dawa kipimo cha mbuzi na siku za kusubiri maziwa, na waufute mstari wa "kila baada ya miezi mitatu" kwenye vipeperushi vyao.